Hospitali za Serikali, za Misheni na za Kulipia Uganda: Maswali Yanayoulizwa Mara kwa Mara

Mimi ni mhudumu wa afya wa kijiji, wale mnaowaita VHT, hapa Busia upande wa Uganda. Mpakani Kiswahili ndicho kinachotuunganisha: Msamia, Mteso, Mganda, Mkenya aliyevuka kuuza nyanya, dereva wa lori anayesubiri karatasi zake. Maswali haya huulizwa kijiweni kwa bodaboda, sokoni, na mara nyingi zaidi kwa simu ya usiku, mtu akiwa tayari yuko getini na mgonjwa mgongoni. Nimeyapanga kuanzia ya msingi hadi ya shida maalumu. Jibu likiwa limeshatolewa kwingine, nakuelekeza namba ya swali.

## Mambo ya msingi

1. Ni kweli hospitali ya serikali ni bure?

Ndiyo, kwa upande wa kawaida, yaani si wodi ya kulipia (swali la 8). Kumwona daktari au tabibu, kulazwa wodi ya kawaida, kujifungua, chanjo, vipimo vinavyofanyika palepale na dawa zilizopo dirishani, vyote hutakiwi kuvilipia. Neno la kushika hapo ni "zilizopo". Shida nyingi za ukurasa huu zinaanzia kwenye neno hilo, na nimelieleza kwa urefu swali la 5.

2. Lakini si tulikuwa tunalipa zamani?

Tulikuwa tunalipa. Miaka ya 1990 hospitali na vituo vya serikali vilitoza ada, mpango ulioitwa kuchangia gharama. Machi 2001, kampeni za urais zikiwa zimepamba moto, Rais Museveni alitangaza kwamba ada hizo zimefutwa katika vituo vyote vya serikali, isipokuwa wodi za kulipia ndani ya hospitali.

Watu walifurika. Waliofaidika zaidi kwa kufika kituoni walikuwa maskini, na hilo hata wapinzani wa hatua ile hawalikatai. Ila ile pesa kidogo iliyokuwa ikikusanywa ndiyo iliyonunua mafuta ya taa, ikamlipa mfagiaji na mlinzi, na dawa zilipoisha mapema ikanunua za dharura. Serikali iliongeza bajeti ya dawa, lakini wagonjwa waliongezeka haraka kuliko dawa. Wazee hapa bado wanabishana: kulipa shilingi mia tano ukapata dawa, au kutolipa kitu ukapewa karatasi ya kwenda kununua? Mimi nasema huo ni ubishi wa kulazimishwa, kwa sababu hakuna sheria ya maumbile inayosema lazima tuchague kimoja.

3. Nianzie wapi nikiugua?

Kijijini una VHT, asiyelipwa mshahara. Ngazi ya parishi, yaani vijiji kadhaa pamoja, kuna HC II (HC ni kituo cha afya, namba ni ngazi yake), ambayo ni ya wagonjwa wa nje tu: malaria, kikohozi, chanjo. Gombolola, yaani parishi kadhaa pamoja, lina HC III, yenye wodi ya uzazi na maabara ndogo. Juu yake ni HC IV, yenye daktari na chumba cha upasuaji, ambapo mama anaweza kufanyiwa upasuaji wa uzazi. Halafu hospitali ya wilaya, hospitali ya rufaa ya mkoa kama Mbale, Arua au Gulu, na mwisho hospitali za rufaa za taifa: Mulago, Kawempe, Kiruddu, na Butabika kwa magonjwa ya akili.

Huku kwetu ngazi hizo ni HC IV ya mjini, hospitali ya Masafu kwa wilaya, kisha Mbale. Homa ya kawaida usiipeleke Mbale. Utapanga foleni nyuma ya watu waliovunjika mifupa, na nauli itakuwa imekula pesa ya dawa.

4. Hospitali ya misheni ni ya serikali au ni praiveti?

Si ya serikali, na si ya biashara. Mengo ilianza 1897 kwa mkono wa daktari mmisionari Albert Cook, Rubaga 1899, Nsambya 1903, Lacor ya Gulu 1959. Kibuli ni ya Waislamu. Ziko chini ya ofisi za afya za madhehebu yao: Wakatoliki, Waprotestanti, Waislamu na Waorthodoksi. Hapa wilayani tuna Dabani, ya Wakatoliki.

Zinatoza, lakini bei yake kwa kawaida ni ya kufidia gharama. Serikali huzipa ruzuku kidogo na baadhi ya wafanyakazi. Vijijini kuna mahali ambapo hospitali ya misheni ndiyo hospitali pekee, kwa hiyo mtu anayesema "umma dhidi ya praiveti" kana kwamba ni timu mbili uwanjani hajafika huku. Wakati wa Ebola ya Gulu mwaka 2000, Lacor ya misheni ndiyo iliyobeba mzigo, na mkuu wake wa tiba, Dkt. Matthew Lukwiya, alikufa kwa ugonjwa huohuo pamoja na wauguzi wake.

## Pesa inayotoka mfukoni

5. Kama ni bure, kwa nini naambiwa nikanunue glavu na dawa nje?

Hili ndilo swali namba moja kwa wingi, acheni nikae nalo.

Mwaka juzi mke wa mdogo wangu alishikwa na uchungu usiku. Tulimfikisha hospitali moja ya serikali, sitaitaja, saa nane. Sista aliyekuwa zamu alikuwa peke yake na wanawake sita. Alitupokea vizuri, akamlaza, kisha akapasua kifuniko cha boksi la glavu lililokwisha, akaandika nyuma yake kwa kalamu nyekundu: glavu jozi nne, kanula moja, dripu mbili, pamba, wembe, kavera (plastiki ya kutandika) la mita mbili, sindano ya kuzuia damu. Akanipa. "Kaka, nenda pale ng'ambo, gonga sana, anaamka." Nikavuka barabara, nikagonga bati la duka la dawa hadi kijana akaja na shuka begani. Hakuuliza naumwa nini. Alisoma kile kipande cha boksi, akavuta vitu kutoka rafu moja, vyote vimepangwa pamoja kama vinanisubiri. Shilingi 38,000. Mtoto alizaliwa saa kumi na moja alfajiri, mzima.

Sasa, kwa nini vitu havikuwepo? Watu husema mara moja: wameiba. Wizi upo, lakini anza na hesabu. Dawa za vituo vya serikali zinatoka Bohari ya Taifa ya Dawa, NMS, iliyoanzishwa 1993. Tangu 2009 bajeti ya dawa za nchi nzima ilihamishiwa huko, na magari yao huleta mzigo kila baada ya miezi miwili. HC II na HC III hupokea boksi lililopangwa tayari; HC IV na hospitali huagiza wenyewe, lakini ndani ya kiasi cha fedha walichopangiwa. Mvua ikinyesha, malaria ikapanda, mzigo wa miezi miwili unakwisha wiki ya tatu. Na sisi wa mpakani tunatibu pia watu wa upande wa pili wanaovuka, ambao hawamo kwenye hesabu ya boksi.

Kuhusu wizi: dawa za serikali zina alama ya Serikali ya Uganda na maandishi kwamba haziuzwi. Ukiuziwa dawa yenye alama hiyo dukani, hiyo ni jinai, na Ikulu ina kitengo maalumu cha kufuatilia mambo hayo tangu 2009. Lakini zile glavu zangu hazikuwa na alama yoyote. Hakuna aliyeiba kitu usiku ule. Zilikuwa zimekwisha tu, na mwenye duka alijua kwamba zitakwisha.

6. Mbona naambiwa nije na daftari la shule?

Kwa sababu fomu za wagonjwa wa nje hazitoshi au hazipo. Nunua dogo, andika jina lako na kijiji, na daktari ataandika humo. Usilitupe. Mara nyingi ndiyo rekodi pekee ya ugonjwa wako katika nchi hii. Utaona faida yake swali la 19.

7. Nitajuaje kwamba ninachodaiwa ni halali au ni hongo?

Upande wa kawaida, pesa yoyote ya mkononi kwa mfanyakazi si halali, iwe inaitwa chai, soda, "ya kufungulia faili" au "ya kumwamsha daktari". Upande wa kulipia, pesa hulipwa kwa keshia au benki, na unapewa risiti. Kuambiwa ununue kitu dukani mwenyewe si hongo, ingawa ni kushindwa kwa mfumo (swali la 5). Lakini sista akisema "nipe mimi nikununulie", hapo fungua macho.

Ukitaka kulalamika, anza na mkuu wa kituo, halafu ofisa wa afya wa wilaya. Kila kituo kinatakiwa kuwa na kamati ya usimamizi yenye wananchi ndani yake. Uliza mwenyekiti wako wa LC1, yaani baraza la kijiji, nani anawawakilisha. Wengi hawajui, na baadhi ya hao wawakilishi wenyewe hawajui.

8. Upande wa kulipia ndani ya hospitali ya serikali ni nini?

Ni wodi au kliniki ndani ya hospitali ya umma ambapo unalipa ili upate kitanda chako, foleni fupi, na mara nyingi daktari bingwa unayemtaka. Ulibakizwa makusudi ada zilipofutwa 2001. Hoja yake ni kwamba mwenye uwezo anachangia hospitali na pesa inasaidia wodi ya kawaida.

Ina ukweli pale mahesabu yanapobandikwa ukutani. Shida ni kwamba daktari ni yuleyule, saa zake ni zilezile ishirini na nne. Akiwa upande wa kulipia, hayuko upande wako. Una haki ya kukataa kuhamishiwa huko. Ukiambiwa "huku hakuna kitanda, kule kipo", uliza bei yote kabla ya kusaini, pamoja na ya dawa na vipimo, maana kitanda ndicho cha bei nafuu kuliko vyote.

9. Ambulensi ya serikali inaruhusiwa kunidai mafuta?

Haitakiwi. Inatokea, na mara nyingi tangi liko tupu kweli. Vijiji vingine hapa vimejiwekea mfuko wa dharura kwenye vikundi vya akiba, wanalipa bodaboda au mafuta, kisha familia inarudisha polepole. Ukiwa na mjamzito nyumbani, zungumza na kikundi mapema, usisubiri uchungu uanze.

## Mjadala wa ubinafsishaji

10. Serikali inataka kuuza hospitali zetu?

Hakuna hospitali ya serikali iliyouzwa kama ilivyouzwa Benki ya Biashara ya Uganda, ambayo Stanbic iliichukua 2002. Naelewa hofu inatoka wapi. Tuliona mashirika ya umma yakienda moja baada ya jingine, na tuliona usambazaji wa umeme ukikabidhiwa Umeme 2005 kwa miaka 20, hadi mkataba ukaisha Machi 2025 na kazi ikarudi serikalini.

Kwenye afya hakuna mnada. Kuna kitu cha polepole zaidi. Kila glavu inayokosekana hospitali inanunuliwa ng'ambo ya barabara, kila kipimo ambacho mashine yake imekufa kinafanyika kwenye maabara ya mtu binafsi nje ya geti. Hospitali inabaki ya umma, bango ni lilelile, lakini gharama imehama ikaja kwako. Ukiniuliza mimi, ubinafsishaji wa Uganda ni ule. Haupigiwi kura bungeni kwa sababu hauna muswada.

11. Wanaounga mkono sekta binafsi wana hoja gani za maana?

Wana kadhaa, na si wapumbavu. Kwanza, sekta binafsi tayari ipo: mtu akiumwa homa Kampala, huanzia kwenye duka la dawa au kliniki ya mtaani. Pili, Azimio la Abuja la Aprili 2001 liliahidi kwamba nchi za Afrika zitatenga asilimia 15 ya bajeti kwa afya, na Uganda miaka mingi imekaa chini ya asilimia 10. Kama serikali haitoi pesa, wanasema, afadhali itumie ile kidogo kuwalipia maskini popote wanapotibiwa kuliko kuendesha majengo matupu.

Hoja ya tatu inauma. Mwaka 2016 mashine ya mionzi ya kutibu saratani, iliyokuwa pekee nchini, iliharibika pale Taasisi ya Saratani Mulago. Mpya ilianza kazi karibu miaka miwili baadaye. Wenye uwezo walikwenda Nairobi au India. Wengine walirudi nyumbani. Kuitetea huduma ya umma bila kuikumbuka mashine ile ni kujidanganya.

12. Na wanaopinga?

Wanasema angalieni kilichotokea Covid ilipopamba moto katikati ya 2021. Hospitali za kibinafsi zilidai amana kabla ya kumpokea mgonjwa asiyeweza kupumua, na bili za chumba cha wagonjwa mahututi zikafika mamilioni ya shilingi kwa siku. Watetezi wa haki walikwenda Mahakama Kuu kutaka bei zidhibitiwe. Soko hufanya kazi pale mnunuzi anapoweza kuondoka kwenda duka jingine. Mtu aliye kwenye mtungi wa oksijeni haendi kokote.

Wanataja pia Hospitali Maalumu ya Wanawake na Watoto Wachanga ya Mulago. Ilijengwa kwa mkopo wa Benki ya Maendeleo ya Kiislamu, vitanda 450, ikafunguliwa 2018. Ni ya umma na deni lake ni letu sote, lakini huduma zake nyingi zinatozwa. Serikali inajibu kwamba ni hospitali ya rufaa ya kibingwa, na wa kawaida wana Kawempe. Nenda Kawempe asubuhi moja uone wanawake wanavyolala, halafu urudi tuzungumze.

13. Hospitali ya Lubowa ilikuwa hadithi gani?

Ni mradi wa hospitali ya kimataifa ya kibingwa yenye vitanda 264, kwenye barabara ya Entebbe. Machi 2019 Bunge liliidhinisha hati za ahadi za malipo za dola milioni 379.7 kwa wawekezaji, kampuni ya FINASI ikishirikiana na ROKO. Sababu iliyotolewa ilikuwa nzuri: kupunguza pesa zinazokwenda nje kutibu wakubwa wetu. Ujenzi ulitakiwa kuwa wa miaka miwili hivi. Muda huo ulipita zamani, na wabunge waliokwenda kukagua walizuiwa getini.

Ninaitaja kwa sababu watu huiita "ya praiveti" au "ya serikali" kulingana na upande wa mjadala walio nao. Mwekezaji ni wa kibinafsi, hatari ya fedha ni ya serikali. Mchanganyiko wa namna hiyo ndio wa kuuogopa kuliko upande wowote ukiwa peke yake.

14. Daktari wa serikali mwenye kliniki yake mtaani anavunja sheria?

Kuwa na kliniki iliyosajiliwa na baraza la madaktari si kosa. Kosa ni kuwa huko wakati wa zamu yake, au kukwambia "njoo jioni kwangu" kwa kazi ambayo angeweza kuifanya asubuhi bure.

Madaktari waligoma Novemba 2017 wakidai mishahara na pia vifaa, na mtu akisahau hilo la pili hawatendei haki. Tangu Julai 2022 mshahara wa daktari wa kawaida wa serikali ulipandishwa hadi shilingi milioni 5 kwa mwezi. Wengi wetu tulidhani kliniki za jioni zitapungua. Sijaona zikipungua mtaani kwangu, labda kwako.

15. Bima ya afya ya taifa iko wapi? Kenya wanayo, Tanzania wanayo.

Bunge lilipitisha sheria ya bima ya afya ya taifa mwisho wa Machi 2021. Rais hakuitia saini, na jambo likarudi nyuma. Muswada wa 2019 ulipendekeza mfanyakazi akatwe asilimia 4 ya mshahara na mwajiri aongeze asilimia 1, na waajiri walipiga kelele. Ugumu wa pili ni sisi wenyewe: wengi hatuna hati ya mshahara ya kukatwa. Muuza samaki utamkatia wapi?

Jibu la kuvutia zaidi nimelisikia kutoka Kigezi, kusini-magharibi mwa nchi. Huko kuna vikundi vya engozi, yaani machela. Kwenye milima ile hakuna gari, kwa hiyo majirani hujiunga kubebana mgonjwa hadi hospitali, na marehemu kurudi naye nyumbani. Hospitali ya Kisiizi, ya Kanisa la Uganda, ilivitumia vikundi hivyo kuanzisha bima yake 1996: kikundi kizima kinajiunga, si mtu mmoja aliyekwisha kuumwa. Bima za kampuni za Kampala zinagusa Waganda wachache mno, wengi wao wa maofisini. Kisiizi ilianza na watu wa jembe.

## Haki na mahakama

16. Katiba inanipa haki ya matibabu? Naweza kuishtaki serikali?

Katiba ya 1995 haina ibara iliyoandikwa wazi "haki ya afya" kwenye sura ya haki. Imo kwenye malengo ya taifa, ambapo dola inatakiwa kuchukua hatua zote zinazowezekana ili wananchi wapate huduma za msingi za tiba. Kwa miaka mingi mawakili wa serikali waliyatumia maneno hayo kusema: hiyo ni sera, mahakama isiingilie.

Kesi iliyobadilisha mambo ilifunguliwa 2011, baada ya wanawake wawili, mmoja Mityana na mwingine Arua, kufa wakati wa uzazi ndani ya hospitali za serikali. Shirika la kutetea haki ya afya la CEHURD na familia zao walikwenda Mahakama ya Katiba. Mwaka 2012 ilikataa kuisikiliza. Mahakama ya Juu ikaamuru 2015 kwamba isikilizwe, na Agosti 2020 Mahakama ya Katiba ikaamua kwamba kushindwa kwa serikali kutoa huduma za msingi za uzazi ni kuvunja Katiba. Miaka tisa. Kwa hiyo ndiyo, unaweza kushtaki na unaweza kushinda, lakini usiende bila shirika la kukusaidia, na hifadhi kila karatasi, hata kipande cha boksi la glavu.

## Hali maalumu

17. Natumia ARV. Nilisikia kliniki zimefungwa baada ya Wamarekani kusitisha msaada. Sasa nitalipa?

Hulipi. Serikali ya Marekani ilisimamisha misaada Januari 2025, na kilichotikisika zaidi ni wafanyakazi waliokuwa wakilipwa na miradi: washauri, watu wa takwimu, wale waliokuwa wakikupigia simu ukikosa tarehe. Wizara ya Afya iliagiza huduma ya VVU na kifua kikuu iingizwe kwenye kliniki ya kawaida ya wagonjwa wa nje. Dawa bado ni bure.

Kilichobadilika ni faragha. Sasa unakaa benchi moja na jirani yako mwenye mafua. Wapo walioacha dawa kwa aibu hiyo, ninawajua. Ukiona ugumu, omba uhamisho kwenda kituo cha gombolola jingine. Hawaruhusiwi kukukatalia kwa sababu hukai hapo.

18. Hospitali inaweza kumshikilia mgonjwa wangu kwa sababu ya bili?

Hili hutokea kwenye hospitali za kulipia na za misheni. Deni ni deni: hospitali inaweza kukudai, kukuandikisha mkataba wa kulipa kidogokidogo, hata kukupeleka mahakamani. Ibara ya 23 ya Katiba inaorodhesha sababu za kumnyima mtu uhuru wake, na bili ya hospitali haimo.

Kwa vitendo, usianze kwa kugombana na mlinzi. Omba kuonana na ofisa ustawi wa jamii wa hospitali. Za misheni mara nyingi zina mfuko mdogo wa wasiojiweza ambao hawautangazi, kwa sababu zinazoeleweka. Nenda na barua ya LC1. Nimeona bili ikikatwa nusu kwa barua ile, na nimeona pia ikirudishwa bila kusomwa.

19. Mimi si raia, au naishi mpakani. Nani ananitibu, na je, nivuke Kenya?

Wakimbizi Uganda hutumia vituo vilevile vya serikali bila malipo, na vituo vingi vilivyoko karibu na makazi yao huhudumia wenyeji pia. Mkenya au Mtanzania mwenye homa akifika HC III huku, kwa kawaida hutibiwa kabla ya kuulizwa anatoka wapi. Upande wa kulipia anaweza kutozwa bei ya mgeni, kwa hiyo aulize mapema.

Kuvuka kwenda hospitali za Busia ya Kenya ni jambo la kila siku hapa, hasa kwa kipimo ambacho mashine yake huku imekufa. Fahamu kwamba tangu Oktoba 2024 wao walihama kutoka bima ya afya ya NHIF kwenda mpya ya SHA. Kama hujasajiliwa huko, utalipa taslimu kwa shilingi za Kenya, kwa hiyo badilisha pesa sokoni kwa mchana, si kwa yule kijana wa getini usiku. Beba lile daftari la swali la 6. Daktari wa ng'ambo hana njia nyingine ya kujua umekwisha kupimwa nini, na bila hilo ataanza upya na damu, mkojo na picha, na kila kimoja kitakuwa na bei yake.